Mtu hakatwi vipande: rangi, mapenzi na utambulisho katika vitabu vya waandishi Weusi

Februari 2023 Wizara ya Elimu ilipiga marufuku vitabu 16 vya watoto mashuleni, ikieleza kwamba vinakiuka mila, desturi na maadili ya Watanzania. Tangazo lilihusu watoto na shule. Mazungumzo yaliyofuata yalikwenda mbali zaidi. Hapa Kigoma, kwenye mabenchi ya kahawa Ujiji na kwenye makundi ya WhatsApp ya wazazi wa Mwanga, vitabu vya watoto, riwaya za watu wazima, video za mtandaoni na habari za misaada ya wazungu vyote vilitiwa kapu moja, na kapu likapewa jina moja: ushoga. Kijana akionekana na riwaya ya mwandishi Mmarekani Mweusi haulizwi inahusu nini. Anaulizwa, "Na hiki ni cha wale?"

Naandika kwa ajili ya anayeuliza swali hilo kwa nia njema: mzazi, mwalimu wa fasihi, mwanafunzi wa kidato cha sita aliyekutana na jina la James Baldwin na kuonywa aachane naye. Sitaingia kwenye nadharia za vyuo vikuu. Nataka lieleweke jambo moja. Waandishi hawa hawaandiki kuhusu mapenzi peke yake, wala kuhusu rangi peke yake, na anayewasoma akitafuta kimoja tu hukikosa hata hicho anachokitafuta.

Tuanze na maneno

Nikisema rangi, simaanishi tu ngozi tunayoiona kwenye kioo. Namaanisha mpangilio wa jamii uliojengwa juu ya ngozi: nani auzwe na nani anunue, nani asome shule ipi, nani aketi kiti gani kwenye basi. Ngozi tunazaliwa nayo. Mpangilio umetungwa na watu, una sheria zake na tarehe zake, na ndiyo maana unaweza kuvunjwa.

Ujinsia ni habari ya nani moyo na mwili wa mtu unamwelekea. Usichanganywe na jinsia, yaani kuwa mwanamume au mwanamke. Utambulisho ni majibu ya swali "wewe ni nani": yale unayoyatoa mwenyewe na yale unayopewa na wengine. Majibu hayo mara nyingi hayafanani, na riwaya nyingi nzuri zimezaliwa kwenye pengo hilo.

Fasihi ninayoizungumzia, basi, ni ile iliyoandikwa na watu Weusi, wa Afrika au wa vizazi vya waliovushwa bahari utumwani, ambamo waandishi wenyewe au wahusika wao wanapenda watu wa jinsia yao, au hawakai ndani ya mgawanyo tuliouzoea wa mwanamume na mwanamke. Ina riwaya, mashairi, tawasifu, insha na tamthilia. Kurasa za mapenzi ya mwili zimo, kama zilivyomo katika riwaya nyingi za watu wazima. Lakini ukikaa na vitabu hivi utakutana zaidi na mama, kanisa, kodi ya nyumba, polisi, kazi za kiwandani na majirani wenye midomo.

Limebaki neno gumu kuliko yote, lile ambalo wataalamu hulitumia kueleza namna mambo haya yanavyogongana ndani ya mtu mmoja. Nitaliita makutano. Mtu wa mkoa huu anaweza kulielewa kuliko profesa.

Mchukue mama wa Kiha anayesafirisha mawese na dagaa kwenda Tabora kwa basi. Kwenye kizuizi basi linasimamishwa na abiria wanaombwa vitambulisho. Lafudhi yake inasikika, anaambiwa ashuke. Wewe si Mrundi? Swali hilo wengi wetu tumeulizwa, au tumeliona likimpata ndugu. Lakini mama huyu anaulizwa na mengine ambayo kaka yake aliyekaa kiti cha nyuma, Muha kama yeye, haulizwi: mumeo ni nani, ametokea upande gani, nani amekuruhusu kusafiri na mzigo wote huu, na hawa watoto baba yao ni raia? Wakati huohuo mwanamke mwenzake wa kutoka Moshi, aliyeketi naye kiti kimoja, haulizwi lolote. Sasa mama huyu alalamike wapi? Akienda kwenye kikundi cha wanawake ataambiwa hayo ni matatizo ya watu wa mpakani. Akienda kwa wazee wanaotetea watu wa Kigoma ataambiwa mambo ya mume na watoto ni ya akina mama, wayamalize wenyewe. Kilichompata hakikugawanyika nusu Uha na nusu uanamke. Kimempata kwa kuwa ni mwanamke wa Kiha, na hakuna dirisha linalopokea malalamiko ya jina hilo.

Mwaka 1989 mwanasheria Mmarekani Mweusi, Kimberlé Crenshaw, aliandika kuhusu jambo la namna hii akitumia kesi iliyoamuliwa mwaka 1976. Wanawake Weusi watano walikuwa wameishtaki kampuni ya magari ya General Motors. Kabla ya mwaka 1964 kampuni hiyo haikuajiri wanawake Weusi. Ilipokuja kupunguza watu kwa kuanza na walioajiriwa mwisho, wanawake Weusi walioajiriwa baada ya mwaka 1970 walitoka wote. Kampuni ilikuwa na wanawake ofisini, wazungu. Ilikuwa na Weusi kiwandani, wanaume. Mahakama ikawaambia walalamikaji wanaweza kuleta dai la ubaguzi wa rangi au dai la ubaguzi wa jinsia, lakini si mchanganyiko wa yote mawili. Wanawake wale wakabaki bila pa kusimama.

Crenshaw aliipa hali hiyo jina. Waandishi walikuwa wameshaielezea kwa miaka mingi kabla yake, kwa hadithi.

Baldwin na mizigo miwili

James Baldwin alizaliwa Harlem, mtaa wa watu Weusi jijini New York, mwaka 1924. Baba yake wa kambo alikuwa mhubiri mkali, na Baldwin mwenyewe alipokuwa kijana alihubiri kwa karibu miaka mitatu kabla ya kuliacha kanisa. Mwaka 1948 alihamia Paris akiwa na dola 40 mfukoni. Riwaya yake ya kwanza, Go Tell It on the Mountain, ilitoka mwaka 1953. Inafuata familia moja ya kanisa dogo la kilokole Harlem, na yeyote aliyekulia kwenye mikesha yetu hapa Kigoma ataitambua: matari, machozi, watu kuanguka chini, na wazee wa maombi wanaomzunguka mtu usiku kucha wakimsukuma avuke. Wamarekani wakafurahi. Wamepata mwandishi wa maisha ya Weusi. Wakasubiri kitabu cha pili cha Harlem.

Akawaletea Giovanni's Room. Wahusika wake wakuu ni wazungu, mambo yanatokea Paris, na kiini chake ni mapenzi ya wanaume wawili. Mchapishaji wake alikikataa. Aliambiwa kwamba ni mwandishi wa Weusi na kwamba kitabu hiki kingemharibia wasomaji wake. Kilitoka mwaka 1956 kwa mchapishaji mwingine.

Hapa ndipo msomaji wa haraka hujikwaa. Anasema: wahusika ni wazungu, kwa hiyo rangi haimo. Afungue ukurasa wa kwanza. David, Mmarekani, amesimama dirishani usiku unapoingia, anaitazama sura yake mwenyewe kwenye kioo, na anakumbuka wahenga wake walioliteka bara zima. Kazi ya mwandishi Mweusi imeanza hapo. Amemweka mzungu mbele ya kioo na kumlazimisha aone kwamba naye ana rangi, kwamba yeye si "mtu wa kawaida tu" huku wengine wakiwa na majina. Katika nchi iliyomlea David, kuwa mwanamume mzungu maana yake ni kuwa safi, bila doa. Hofu ya doa hilo ndiyo inayomfanya amtelekeze Giovanni, Mwitaliano maskini anayempenda, na Giovanni anaishia kuhukumiwa kifo. Ukiiondoa rangi, hutaelewa David aliogopa nini.

Miaka mingi baadaye Baldwin alieleza kwamba wakati ule asingeweza kuibeba mizigo yote miwili katika kitabu kimoja, wa rangi na wa mapenzi. Nayathamini maneno hayo. Yanatuonyesha mafundi nao huwa na kipimo cha wanachoweza kubeba kwa wakati fulani, na kwamba kimya kuhusu jambo fulani kinaweza kuwa ni kuchoka, wala si kulikana.

Mwaka 1962 aliibeba yote miwili. Kitabu kinaitwa Another Country, na mtu anayenikalia kichwani mpaka leo ni Rufus Scott, mpiga ngoma wa jazi, Mweusi. Rufus anaishi na Leona, mwanamke mzungu maskini wa Kusini mwa Marekani. Anampenda na anampiga. Kila wanapotembea barabarani macho ya watu yanawafuata, na Rufus anayabeba macho hayo hadi nyumbani na kuyamalizia kwa Leona. Kabla yake aliwahi kuwa na Eric, mzungu wa Alabama, akampenda na kumdharau kwa pumzi moja, kwa sababu hakujua tena kama anampenda mtu au analipiza kisasi cha historia. Kitabu hakijafika robo, Rufus anajirusha kutoka daraja la George Washington. Kurasa zote zinazobaki ni za wale aliowaacha, dada yake Ida akiwa wa kwanza, wakijaribu kuelewa.

Nini kilimuua Rufus? Ukisema ubaguzi wa rangi, utakuwa umemsahau Leona aliyeumizwa na Eric aliyedharauliwa. Ukisema mapenzi, utakuwa umewaachilia polisi, wenye nyumba na macho ya barabarani. Baldwin hatoi jibu la neno moja. Na hapo ndipo ninapotofautiana na wanaodhani riwaya kama hii ni kipeperushi. Kipeperushi kingekuwa na jibu.

Alishambuliwa kutoka pande zote. Mwaka 1968 Eldridge Cleaver, mwanaharakati wa chama cha Black Panther, alichapisha kitabu akidai kwamba Baldwin anauchukia Weusi wake na kwamba kupenda kwake wanaume ni sehemu ya chuki hiyo. Ni dai tunalolisikia hata huku kwa sura nyingine: Mwafrika wa kweli hawi hivyo. Lipimwe kwa matendo. Huyuhuyu Baldwin mwaka 1963 alikuwa ametoa The Fire Next Time, moja ya insha kali kuliko zote zilizowahi kuandikwa dhidi ya ubaguzi wa Marekani. Na maandamano makubwa ya Washington ya tarehe 28 Agosti mwaka huohuo, yale ambayo Martin Luther King alihutubia watu wapatao 250,000, mratibu wake mkuu alikuwa Bayard Rustin, Mweusi aliyependa wanaume. Wakubwa wa harakati walijua. Wapo waliotaka afichwe, na cheo cha juu akapewa A. Philip Randolph, kiongozi mkongwe wa wafanyakazi Weusi, ambaye naye akamchagua Rustin kuwa naibu wake, kazi ikafanyika.

Lorde mlangoni

Baldwin alikuwa mwanamume, na wanaume huwa wanapewa nafasi kubwa hata katika makala kama haya. Audre Lorde aliyajua hayo. Alizaliwa New York mwaka 1934, wazazi wake wakiwa wahamiaji kutoka visiwa vya Karibi, na alifariki mwaka 1992. Zami, kitabu chake cha mwaka 1982, ni tawasifu iliyochanganywa na visasili na ndoto.

Kuna mambo mawili katika Zami ambayo napenda kuyasoma pamoja. La kwanza: familia inakwenda Washington kumpongeza Audre kwa kumaliza shule ya msingi. Ni siku za sikukuu ya uhuru wa Marekani. Wanaingia mahali kula aiskrimu, na mhudumu anawaambia kwa sauti ya chini kwamba wanaweza kuinunua lakini hawawezi kukaa na kuila pale. Wazazi, waliozoea kuwakinga watoto wao kwa kutoitaja rangi, hawasemi kitu. Wanatoka. Hasira ya mtoto haina pa kwenda, kwa sababu nyumbani kwao jambo lenyewe halina jina.

La pili: ni miaka ya 1950, Audre ni mtu mzima, na hatimaye amewapata wanawake wanaopenda wanawake kama yeye, kwenye baa za Greenwich Village, mtaa mwingine wa New York. Angalau huku, unadhani, amefika kwao. Lakini mlangoni anayedaiwa kitambulisho kuthibitisha umri ni yeye, wakati amewazidi umri wenzake wazungu alioingia nao. Marafiki hao wanataka kuamini kwamba wote wako sawa, kwa kuwa wote wanatengwa na dunia. Yeye anajua hawako sawa, na akilisema anaonekana analeta mgogoro. Huku wanawake Weusi waliokuwa kama yeye walikuwa wachache, na wengi walijificha hata baina yao.

Nikisoma ukurasa huo huwa namwona yule mama wa mawese kizuizini. Lorde alitumia maisha yake yote kusema hivi: kila kundi lilimpokea kwa sharti aache sehemu yake nje. Weusi walitaka aache mapenzi yake, watetezi wa wanawake walitaka aache rangi yake, na wapenda jinsia moja wazungu walitaka vivyo hivyo. Alikataa, akawa anajitambulisha kwa orodha nzima kila aliposimama kusema: Mweusi, mwanamke, mpenda wanawake, mama, shujaa, mshairi. Wengine waliona ni majivuno. Mimi naona ni mtu anayehesabu vitu vyake kabla ya kutoka nyumbani, asije akaviacha.

Hakuwa peke yake. Mwaka 1974 huko Boston wanawake Weusi walianzisha kundi walilolipa jina la mto Combahee, ambako mwaka 1863 Harriet Tubman, mwanamke Mweusi aliyewahi kutoroka utumwani, aliongoza operesheni iliyowakomboa watumwa zaidi ya 700. Tamko lao la mwaka 1977 ndilo lililoanza kuzungumzia siasa za utambulisho, maneno ambayo leo yanatumiwa ovyo na kila mtu. Kwao yalikuwa na maana nyepesi: tunaanza na maisha yetu wenyewe kwa sababu hakuna mwingine atakayeanza nayo.

"Haya yameletwa na wazungu"

Nimelisikia dai hili mara nyingi, na wanaolisema si wabaya wote. Wengi wanatetea kitu wanachokipenda. Lakini tulichambue.

Kama maana yake ni kwamba fasihi hii ni mradi wa wazungu, basi historia yenyewe inakataa. Mwaka 1926 vijana Weusi wa Harlem, wakiwemo Langston Hughes na Zora Neale Hurston, walitoa jarida lao Fire!! bila kusubiri baraka za mtu. Ndani yake Richard Bruce Nugent aliandika waziwazi kuhusu mwanamume anayempenda mwanamume, na akakata jina lake la ukoo ili asiwaaibishe wazazi wake. Waliolikemea jarida hilo kwa sauti kubwa walikuwa Weusi wasomi, waliohofia kwamba wazungu watasema nini. Wazungu hawakuwa wafadhili wa jambo hilo; walikuwa ndio watazamaji wanaoogopwa.

Kama maana yake ni kwamba hukumu dhidi ya watu hawa ndiyo asili yetu na watu wenyewe ni wageni, basi tuitazame sheria. Kifungu cha 154 cha Kanuni ya Adhabu ya Tanzania, ambacho adhabu yake inafika kifungo cha maisha, kinazungumzia tendo "kinyume cha maumbile". Maneno hayo Waingereza walikuwa wameshayatumia katika Kanuni ya Adhabu ya India ya mwaka 1860, na wakayasambaza katika makoloni yao. Hilo halithibitishi kwamba mababu zetu waliruhusu au walikataza. Linathibitisha kwamba mwenye kusema "tuliachiwa na wakoloni" anapaswa kuhesabu na sheria pia. Sheria hiyo ipo na inatumika, na sitaki msomaji yeyote achukulie makala haya kama ushauri wa kuipuuza.

Kisha kuna Waafrika wenyewe, na hapa kuna jambo linalonivutia sana. Fasihi hii inapofika Afrika, rangi hurudi nyuma kidogo na nafasi yake huchukuliwa na kabila, dini, tabaka na vita. Makutano yanabaki yaleyale, barabara ndizo zinabadilika.

Chinelo Okparanta wa Nigeria alitoa Under the Udala Trees mwaka 2015. Ijeoma ni Muigbo, Amina ni Mhausa, na nyuma yao ni vita vya Biafra, vya wenyewe kwa wenyewe, vya mwaka 1967 hadi 1970. Machoni pa watu wanaomzunguka Ijeoma, Amina ana makosa mawili yasiyotenganishwa: ni msichana, na ni wa kabila la adui. Mama anamkalisha binti yake na Biblia siku baada ya siku, na masomo hayo yameandikwa kwa uvumilivu mkubwa. Huoni mama katili. Unaona mjane wa vita aliyepoteza kila kitu, anayeogopa kupoteza na huyu. Tuliopokea wakimbizi kwa miaka yote hii, tunaoishi jirani na kambi za Nyarugusu na Nduta, hatuhitaji kufundishwa namna vita inavyomfanya mzazi aking'ang'anie kilichobaki.

Monica Arac de Nyeko wa Uganda alishinda Tuzo ya Caine, ya hadithi fupi za Waafrika, mwaka 2007 kwa Jambula Tree. Jambula ni zambarau. Kuna mtaa wa nyumba za serikali Kampala, kuna umaskini, kuna jirani ambaye kazi yake ni kujua ya watu, na kuna marafiki wawili ambao mtaa mzima umeshawahukumu. Mmoja anapelekwa London. Hadithi nzima ni barua ya yule aliyebaki. Angalia nani anasafirishwa na nani anaachwa abebe aibu: mwenye uwezo ndiye anayepata ndege.

Na Binyavanga Wainaina, mzaliwa wa Nakuru. Jina lake alilirithi kwa babu mzaa mama, wa Uganda, na si jina ambalo Mkenya angeweza kulipa kabila mara moja. Mwaka 2011 alitoa kitabu cha kumbukumbu kilichojaa swali la utaifa na ukabila. Tarehe 18 Januari 2014, siku aliyotimiza miaka 43, alichapisha alichokiita sura iliyopotea ya kitabu hicho: anajiwazia akiwa pembeni mwa kitanda cha mama yake, aliyekuwa amefariki mwaka 2000, akimwambia kwamba anapenda wanaume. Ilikuwa ni wiki chache tangu bunge la Uganda lipitishe sheria kali dhidi ya ushoga, na mwezi uleule ambao ya Nigeria ilisainiwa. Magazeti yaliandika "ajitangaza". Mimi nilisoma mtoto aliyechelewa kuzungumza na mama yake. Wainaina alifariki Mei 2019.

Anayedhani Waafrika hawa wanatafsiri tu mawazo ya Amerika asome Freshwater ya Akwaeke Emezi, ya mwaka 2018. Mhusika wake anajieleza kwa imani ya Waigbo kuhusu ogbanje, roho inayozaliwa kwa umbo la binadamu na isiyotulia ndani yake. Hospitali ina majina yake kwa hali hiyo. Emezi anaichukua lugha ya wazee wa kwao na kusema, hii inanieleza vizuri zaidi.

Dhuluma na mapenzi ni vitu viwili

Namalizia na riwaya ya Peponi, kwa sababu mkanganyiko mbaya kuliko yote uko hapa. Abdulrazak Gurnah, mzaliwa wa Zanzibar na mshindi wa Nobel wa mwaka 2021, aliitoa kwa Kiingereza mwaka 1994, na tafsiri ya Kiswahili ya Ida Hadjivayanis ikatoka mwaka 2022. Si kitabu cha fasihi ninayoizungumzia. Ni safari ya msafara wa biashara kutoka pwani hadi ziwani, njia ileile iliyozijenga Tabora na Ujiji, na Yusuf ni mtoto aliyewekwa rehani kwa madeni ya baba yake. Katika msafara yumo mnyapara anayejulikana kwa kuwadhalilisha vijana. Watu wakifika hapo husema: si unaona, ndiyo mambo hayohayo.

Siyo. Gurnah anaonyesha nguvu ya mwenye fimbo juu ya asiye na wa kumtetea. Katika kitabu hichohicho mwanamke tajiri anamtamani Yusuf, kwa namna inayotukumbusha kisa cha Nabii Yusuf, na hapo pia kijana hana sauti kwa kuwa ni mali ya nyumba. Kinachoziunganisha sura hizo mbili ni rehani, utumwa na umri. Wakati Baldwin anaandika kuhusu watu wazima wawili wanaochaguana na kuogopa walichokichagua, Gurnah anaandika kuhusu asiyeulizwa. Mzazi anayeyaweka haya mawili pamoja anajinyima macho ya kumlinda mwanawe, kwa sababu anayemdhuru mtoto mara nyingi ni mtu mwenye heshima mtaani, mwenye mke na watoto, asiyefanana kabisa na picha ya "wale" aliyonayo kichwani.

Je, mwandishi akimwandika mtu anamsifia? Baldwin hakumsifia David, wala hakumsifia Rufus alipokuwa anampiga Leona. Msomaji akimwelewa Rufus hageuki kuwa Rufus, kama ambavyo wanafunzi wetu wamesoma kuhusu wezi, wachawi na wauaji kwenye vitabu vya mitihani miaka nenda rudi. Swali la umri ni halali kabisa, na nakubaliana na anayelileta: Another Country ni ya mtu mzima, si ya darasa la saba.

Kwa mtu mzima anayetaka kujionea mwenyewe, Jambula Tree ni fupi, inamalizika kwa kikao kimoja. Aliyelelewa kanisani aanze na Go Tell It on the Mountain, kisha sura ya kwanza ya Another Country, asome polepole habari za Rufus na asiruke mahali panapouma. Zami ina kurasa nyingi na haifuati njia moja. Anayeishiwa pumzi aende kwanza kwenye sehemu ya mji wa Stamford, ambako Lorde akiwa kijana alifanya kazi kiwandani pamoja na wanawake wengine Weusi, wakishughulika na vipande vya fuwele na mashine za eksirei kwa mshahara mdogo, bila mtu kuwaambia hatari ya kazi ile. Mapenzi yamo katika kurasa hizo, lakini si peke yake. Kuna mikono inayofanya kazi, na sumu.